Adriano Anapiga Tena, Safari Hii Katikati ya Ziwa: Retroid Pocket 5 Imetua Mwanza

Sitaki kuzunguka. PES 6, ile gemu ya mpira ya PS2, inakimbia mkononi mwangu kwa kasi yake kamili. Haikwami, haigandi. Sauti ya mtangazaji Peter Brackley inatoka kwenye spika mbili ndogo ikiwa safi kuliko TV yoyote ya kibanda niliyowahi kukaa mbele yake, nyasi zimekolea kijani, na Adriano wa Inter, yule mwenye nguvu ya shuti 99, akiachia mguu wa kushoto nje ya boksi kipa anabaki ameshika hewa. Hakuna TV, hakuna waya, hakuna kusubiri zamu. Aisee! Nimepiga kelele peke yangu chumbani hadi jirani akagonga ukuta.

Kifaa kinaitwa Retroid Pocket 5. Kimetengenezwa Uchina na kilianza kuuzwa mwaka 2024. Kina uzito wa gramu 280 hivi na kioo cha AMOLED cha inchi 5.5 chenye pikseli 1920 kwa 1080. Ndani kuna chipu ya Snapdragon 865, RAM ya GB 8, hifadhi ya GB 128, tundu la memori kadi, betri ya mAh 5,000, na kitu ambacho karibu simu zote hazina: feni. Stiki zake mbili zinasoma mwendo kwa sumaku badala ya vyuma kusuguana. Yeyote aliyewahi kushika pedi iliyochoka, mchezaji akawa anatembea mwenyewe kuelekea kona bila kuguswa, ataelewa kwa nini hilo limenifurahisha hata kabla sijawasha chochote.

Na jamani, waliokulia vibanda vya PS vya Kirumba, Mabatini, Igoma na Buzuruga sihitaji kuwaeleza uzito wa jambo hili. PlayStation 2 ilitoka Japani Machi 2000, ikauzwa zaidi ya milioni 150 duniani, na Sony walipoacha kuitengeneza mwanzoni mwa mwaka 2013, huku kwetu ilikuwa bado ndiyo mashine ya mtaa. Benchi la mbao, TV ya chogo, pedi iliyozungushiwa selotepu, mwenye kibanda mlangoni na kopo la hela, na sheria moja isiyo na rufaa: anayefungwa anatoka. Kuna watu wazima leo, wenye maduka na familia, waliojifunza majina ya mabeki wote wa Italia kwenye benchi hilo. Sasa benchi zima linaingia mfukoni mwa koti.

Ila nisikilize vizuri hapa. Ukikitoa kwenye boksi na kuwasha gemu bila kugusa mipangilio, utaonja nusu tu ya utamu. Watu wanavipima vifaa hivi kwa macho ya dukani: rezolusheni mara ngapi, fremu za juu kabisa ngapi. Mimi nasema angalia kitu kimoja tu: fremu zinafika kwa mpangilio, au zinafika kwa vurugu? Gemu ya fremu 60 inakipa kifaa milisekunde 16.7 kumaliza kila picha. Picha 59 zikiwahi na moja ikachelewa, jicho litaiona hiyo moja, na kidole kitaihisi. Kazi yote ya kunoa emuleta, yaani programu inayoiga mashine ya zamani, ni kuhakikisha hiyo moja haichelewi. Ukilishika hilo, kila mpangilio mwingine unajieleza wenyewe.

Kwa nini PS2 inasumbua kiasi hiki, wakati mashine yenyewe ni ya zamani? Prosesa yake, Emotion Engine, ilikwenda kwa MHz 294.9 tu. Chipu ya picha, Graphics Synthesizer, MHz 147.5, na kumbukumbu yake ya ndani MB 4. RAM ya mashine nzima MB 32! Kwa namba hizo, simu janja ya bei ya chini kabisa pale Makoroboi inaizidi mara nyingi. Tatizo ni kwamba PS2 haikuwa prosesa moja. Kulikuwa na Emotion Engine, vitengo viwili vya hesabu vya VU0 na VU1, chipu ya picha, na prosesa ya PlayStation ya kwanza iliyowekwa humo ishughulikie pedi, diski na sauti. Zote zilikuwa zikikimbia pamoja na kusubiriana, na waandishi wa gemu walijua kwa undani nani anamaliza lini, wakabana kila mwanya. Emuleta lazima iwe hao wote kwa wakati mmoja, kwenye chipu isiyojua hata lugha yao.

Ni kazi ya mkalimani kwenye mkutano wa kijiji kule Sengerema: mgeni anaongea Kiswahili, yeye anageuza Kisukuma hapohapo bila kumkata msemaji. Mkalimani hodari haigeuzi upya sentensi ileile kila inaporudiwa. Ameshaiweka kichwani na anaitoa ikiwa tayari. Emuleta za leo zinafanya vivyo hivyo. Kipande cha amri za PS2 kinageuzwa mara moja kuwa amri za ARM, lugha ya chipu za simu, kinawekwa akiba, na kikiitwa tena kinakimbia moja kwa moja.

Sehemu nzito ya kazi hiyo haigawanyiki. Emotion Engine ikiigwa inakalia kiini kimoja cha prosesa, na matangazo ya "viini vinane" hayaisaidii kitu. Ndiyo maana Snapdragon 865 ni chaguo la akili: ina kiini kimoja kikubwa cha GHz 2.84, vitatu vya GHz 2.42 na vinne vidogo vya GHz 1.8. Kile kimoja kikubwa ndicho kinachobeba PS2 mgongoni. Kwa hiyo mpangilio wangu wa kwanza kabisa ni kuwasha MTVU, unaoihamisha kazi ya VU1 kwenda kiini kingine. Gemu chache sana zinaugomea. PES haiugomei hata kidogo, na uwanja ukijaa wachezaji wakati wa kona, pale ambapo mambo huwa yanabana, mstari wa fremu unabaki umenyooka.

Sasa rezolusheni. Hapa ndipo naona watu wanajitesa bure. PS2 ilichora picha ya pikseli 640 kwa 448 hivi. Ukiweka mara 2 unapata 1280 kwa 896. Mara 3 ni 1920 kwa 1344, na kioo hiki kina mistari 1080 tu! Unaichosha GPU, chipu ya picha ya kifaa, kuchora mistari ambayo kioo kitaitupa. Na gharama haipandi kwa ngazi moja moja: mara 2 ni pikseli mara 4 za asili, mara 3 ni mara 9. Nimeweka mara 2 na nimebaki hapo kwa raha zangu zote. Jezi zinasomeka, nywele za Gattuso zinaonekana uzi kwa uzi, na GPU inafanya kazi bila kuhema. Kuchanganya rangi nimeweka kiwango cha msingi, na nimeiamuru GPU isiwe inairudishia prosesa picha pasipo lazima, maana kwenye chipu za simu safari hiyo ya kurudi ndiyo inayozaa ule mkwamo mdogo unaokera. Kuna gemu zinazoitegemea safari hiyo kwa ajili ya vivuli au mwanga wa jua. Ukiona jua limepenya ukuta, irudishe kwa gemu hiyo peke yake. Kila gemu inakubali mipangilio yake binafsi, na huo ndio ustaarabu wa kazi hii.

Nifike kwenye jambo ambalo mapitio ya Kimarekani huwa hayaligusi, maana kwao halipo. TV zetu zilikuwa za PAL. PAL inakwenda kwa picha 50 kila sekunde, kioo cha Retroid Pocket 5 kinakwenda kwa 60. Chukua diski halali ya PAL, ile iliyotengenezwa kwa ajili ya upande wetu wa dunia, ichezeshe kwenye kifaa hiki, halafu tazama mpira mrefu unaovuka uwanja. Emuleta inaonyesha kasi asilimia 100. Grafu imenyooka. Chipu imetulia. Na bado mpira unatetemeka! Unaweza kubadilisha draiva zote duniani na usiujue mchawi wako ni nani.

Hesabu yake ni hii: kioo kinataka picha 60 kila sekunde, gemu inatoa 50, kwa hiyo kila picha ya tano lazima ionyeshwe mara mbili. Mara kumi kila sekunde mpira unasimama kidogo kisha unaruka. TV ya chogo ilikwenda kwa 50 sawa na diski yenyewe, ndiyo maana kibandani hatukuwahi kuiona kasoro hiyo. GTA: San Andreas ina mkasa wake: toleo la PAL linatoa fremu 25, na 25 haiingii sawasawa kwenye 60. Toleo la NTSC, mfumo wa Marekani na Japani unaokwenda kwa 60, linatoa 30, kila fremu inakaa mara mbili kamili, na CJ, mhusika mkuu, akikata kona ya Grove Street kwa baiskeli kamera inateleza vizuri ajabu.

Dawa ziko tatu. Baadhi ya diski za PAL zinakuuliza mwanzoni unataka 50 au 60; chagua 60 bila kufikiri. Ikishindikana, tumia diski ya NTSC, na hapa mtaa wetu una bahati yake, maana CD zilizozunguka vibandani zilichanganyika za kila upande wa dunia. Ya tatu ni kioo kinachokubali kushuka, kama cha Steam Deck ya kwanza ya Valve ya mwaka 2022, kinachoweza kwenda popote kati ya 40 na 60. Kioo cha Retroid hakina uwezo huo. Usijaribu kuilazimisha diski ya PAL ikimbie kwa 60 kwa nguvu: gemu nyingi zinahesabu mwendo wake kwa fremu, kwa hiyo kila kitu kinaongezeka kasi kwa asilimia 20, wachezaji wanakimbia kwa papara na saa ya mechi nayo inakimbia.

Nilipobadilisha diski na kuona mpira uleule ukivuka uwanja bila mtikisiko, nikasimama. Kweli kabisa, nikasimama kutoka kwenye kiti. Hakuna chipu ghali itakayokupa furaha hiyo.

Kuhusu diski zenyewe: zangu nimezigeuza kuwa faili kwa kompyuta yenye kisoma DVD, na BIOS, programu ya msingi ya mashine, nimeitoa kwenye PS2 yangu ninayoitunza. Hiyo ndiyo njia safi, nawasihi mwifuate. Faili nimezibana kuwa CHD, muundo uliozaliwa kwenye mradi wa MAME. Hazipotezi kitu, na memori kadi inapumua.

Twende ziwani! Kifaa cha mkononi kinachochezwa mezani karibu na soketi hakijapimwa. Nilipanda nacho meli ya kwenda Nansio, Ukerewe, safari ya saa tatu na zaidi, nikiwa na betri imejaa na hamu ya kujua. Kwanza hesabu. Betri ya mAh 5,000 ni kama wati-saa 19. Kifaa kikila wati 4 unapata karibu saa tano. Kikila wati 8 hufikishi hata saa mbili na nusu. Kwa maneno mengine, mipangilio yako ndiyo inayoamua kama utamaliza fainali ya kombe kabla ya kuona miti ya Ukerewe au kioo kitakufia katikati ya maji.

Retroid wameweka hali tatu za prosesa: ya kawaida, ya nguvu, na ya nguvu zaidi. Mkono unakwenda wenyewe kwenye ile ya juu. Uzuie! Ukiiweka PES kwenye hali ya juu kabisa chipu inakimbia kuliko inavyohitajika, inapata joto, na joto likizidi inajishusha yenyewe ghafla, na hapo ndipo ile fremu moja inapochelewa. Hali ya katikati, na feni ikiachwa ijiamulie, inakwenda polepole kidogo lakini haiyumbi kuanzia filimbi ya kwanza hadi ya mwisho. PSP na PlayStation ya kwanza zinatosheka na hali ya kawaida, feni hata haisikiki. Ile ya juu kabisa naiachia gemu chache, kama God of War II ya mwaka 2007, ambayo hata kwenye PS2 yenyewe iliikamua mashine hadi tone la mwisho.

Mwanza iko juu ya mita 1,100 kutoka usawa wa bahari na jioni upepo wa ziwa ni rafiki mkubwa wa feni. Lakini saa saba mchana, sitahani, jua linakupiga kutoka juu na kutoka majini kwa pamoja. Kioo cha AMOLED kinang'aa na kinapigana kiume, ila kinarudisha mwanga, na ukipandisha ung'avu hadi mwisho betri inalipa. Kaa upande wa kivuli, shusha ung'avu, vaa hedifoni. Kingine cha kuzingatia ni wale vijidudu wa ziwani wanaonyanyuka kama moshi jioni: wanafuata mwanga, na kifaa chenye feni kina matundu nyuma ya kuvutia hewa. Niliwaona wametua juu ya kioo wengi, nikaingia ndani. Brashi laini ya kusafishia matundu iwe sehemu ya mkoba wako.

Sikio ni kipimo bora kuliko grafu. Emuleta ikianza kushindwa, sauti ndiyo inayovutwa kwanza ili isikatike: kelele za mashabiki zinakuwa nzito, Brackley anaanza kuburura maneno. Kasi ikishuka kidogo tu, macho hayajagundua, sikio limeshajua. Njia nzima ya kwenda Ukerewe nilikuwa nasikiliza uwanja. Haukuburuza hata mara moja.

Na PSP? Oh, PSP! Kuna hesabu hapa inayonipa raha isiyoelezeka. Kioo cha PSP kilikuwa pikseli 480 kwa 272. Zidisha kwa nne: 1920 kwa 1088. Kioo cha Retroid ni 1920 kwa 1080. Kinakaa! Tofauti ni mistari minane. Kila pikseli ya asili inakuwa mraba safi wa nne kwa nne, hakuna ukungu, na Snapdragon 865 inaifanya kazi hiyo bila kutoa jasho. Emuleta ni PPSSPP ya Henrik Rydgård, aliyeitoa Novemba 2012. Huyohuyo ni mmoja wa waanzilishi wa emuleta ya Dolphin. PPSSPP haitaki BIOS. Chagua Vulkan kuwa njia ya kuchora picha, weka mara 4, acha mengine yote yalivyo, cheza.

Kwa vijana wa sasa wa Mwanza, PPSSPP ndiyo lango lenyewe, wala hawakulipitia kwa kifaa cha namna hii. Wamelipitia kwa simu. Panda daladala yoyote ya Igoma jioni utamwona kijana amelaza simu, vidole viwili juu ya vitufe vya kuchora kwenye kioo, anacheza mpira wa PSP uliopachikwa jezi za Simba na Yanga. Mafundi wanaopachika jezi hizo, kuchora nembo na kupanga vikosi vya ligi yetu ndani ya gemu ya Kijapani, wanastahili heshima kubwa. Niliifungua moja ya kazi zao kwa mara 4 kwenye AMOLED, na nyekundu ya Simba ilitoka kioo kizima. Uzuri wake, we acha.

Upande wa PS2 kwenye Android kuna hadithi inayouma. AetherSX2, emuleta iliyofungua mlango huu, ilitoka Desemba 2021 bure kabisa, kazi ya mtu aliyejulikana kwa jina la Tahlreth, akijenga juu ya mradi wa PCSX2 wa kompyuta. Januari 2023 aliacha. Alikuwa amechoshwa na matusi na vitisho kutoka kwa watu waliokuwa wakila matunda ya jasho lake. Wapenzi wa gemu wakaikarabati ile iliyobaki wakaiita NetherSX2, na ndiyo ninayoitumia. Tukifurahia mkwaju wa Adriano, tumkumbuke.

Dolphin ya GameCube na Wii nimeigusa tu. Inakwenda vizuri, lakini GameCube haikuwa mashine ya vibanda vyetu na moyo wangu haukudunda. Kitu cha kujua ni kwamba Adreno, GPU ya Snapdragon, ina bahati ya kuwa na Turnip, draiva huria za mradi wa Mesa, na PPSSPP na Dolphin zote mbili zinakuruhusu kuzipakia ndani ya emuleta bila kugusa mfumo wa simu. Chipu zenye GPU ya Mali, zilizojaa kwenye simu zetu nyingi za Tecno na Infinix, hazina bahati hiyo. Mwenye simu ya Mali asikate tamaa: PPSSPP kwa mara 1 au 2, Vulkan, pedi ya Bluetooth, kava litolewe simu ipumue. Asiongeze rezolusheni kabla fremu hazijatulia. Sheria ni ileile.

Usiilaumu emuleta kwa kila mkwamo. Shadow of the Colossus ya mwaka 2005 ilikuwa inashuka fremu kwenye PS2 halisi. Emuleta aminifu itakuonyesha na kushuka kwenyewe. Na gemu ikikwama mara ya kwanza tu unapoona mlipuko au moshi mpya, kisha isikwame tena, hiyo ni GPU inaandaa shughuli yake kwa mara ya kwanza. Cheza dakika chache, inapona.

Kuna jambo moja limenifanya nisilale. Tundu la USB-C la kifaa hiki linatoa picha kwenda kwenye TV. Nimekipeleka kwa rafiki yangu mwenye kibanda Nyegezi, tukakiunganisha kwa adapta ya HDMI, tukawasha pedi mbili za Bluetooth, tukaweka PES 6. Watoto wakajaa mlangoni.

"Kaka, hii ni PS ngapi?" mmoja akauliza, macho hayatoki kwenye TV.

"Ni PS2."

"Hapana bwana. Mbona safi hivi?"

Mechi ilikuwa dakika ya 70 umeme ulipokatika. TV ikazima, kibanda kizima kikasema "aaah!", na mkononi mwangu kioo kikawaka kikiendelea palepale, mpira ukiwa miguuni mwa mchezaji yuleyule. Kelele iliyofuata sijui niieleze vipi. Dogo aliyekuwa akiongoza bao moja akaja kusimama begani kwangu kuhakikisha mechi yake haifutwi.

Rafiki yangu, mfanyabiashara, akaniuliza swali la maana: kinalipa? Kilipotoka mwaka 2024 kiwandani kiliuzwa dola 200 hivi kabla ya usafiri na ushuru. Hiyo ni hela nyingi kwa kibanda, na sikumdanganya. Kwa mtu binafsi mwenye mapenzi na gemu hizi, nasema kusanya polepole ununue. Kama mfuko haufiki, Miyoo Mini Plus au moja ya RG35XX za Anbernic zimekuwa zikipatikana kwa bei ya chini zaidi, na PlayStation ya kwanza inakimbia humo vizuri tu, ingawa PS2 usiitarajie. Kwa kibanda nilimshauri aanze na pedi mbili za Bluetooth na simu kuukuu ya Snapdragon inayotoa picha kwenye TV, aone wateja wanasemaje. Pia abadilishe TV yake iwe kwenye hali ya gemu, maana TV bapa nyingi zinachelewesha picha kwa kuirembesha, na ucheleweshaji huo unaweza kuzidi hata wa emuleta. Tuliibadilisha palepale, umeme uliporudi, tukarudia frikiki ileile. Dogo akasema pedi imekuwa nyepesi.

Jumamosi narudi Nyegezi na Tekken 5, toleo la NTSC, MTVU imewashwa, mara 2, hali ya katikati. Gemu ya ngumi ya fremu 60 haisamehi hata fremu moja, na pale kibandani kuna jamaa anayemcheza Law ambaye hajafungwa tangu nimfahamu.